Risala ya Wachezaji wa Kando ya Ziwa Kuhusu Nafasi za Talanta katika Ajira za Serikali

Kwa Waheshimiwa Wabunge na Maseneta wa kaunti za Busia, Siaya, Kisumu, Homa Bay na Migori.

Waheshimiwa,

Sisi ni wachezaji wa kandanda, voliboli, raga, hoki na ndondi wa mitaa ya Kisumu na vijiji vya kando ya ziwa, tukiwa pamoja na makocha wetu wasiolipwa na wazazi wanaotununulia viatu. Tunaandika kwa mujibu wa Ibara ya 37 ya Katiba, inayompa kila mtu haki ya kuwasilisha malalamiko kwa wenye mamlaka, na Ibara ya 119, inayompa haki ya kuliomba Bunge litunge sheria, liirekebishe au liifute. Ombi letu ni la kutunga.

Lalamiko lenyewe ni fupi. Serikali ya Kenya huajiri watu kwa sababu ya mchezo wanaocheza. Polisi hufanya hivyo, Magereza hufanya hivyo, Jeshi hufanya hivyo, na mashirika kadhaa ya umma vilevile. Jambo hilo halifichwi wala sisi hatulipingi. Tunachopinga ni kwamba nafasi hizo hazitangazwi idadi yake, vigezo vyake havibandikwi mahali popote, matokeo yake hayasomwi, na aliyeachwa hana pa kukata rufaa isipokuwa mahakamani, tena wakati maji yamekwisha kumwagika.

Mchezo kama mlango wa kazi ya serikali si jambo la jana. Kipchoge Keino alikuwa polisi. David Rudisha, Julius Yego na Ferdinand Omanyala ni polisi pia. Timu ya Jeshi, Ulinzi Stars, imetwaa ubingwa wa ligi kuu mara 4, tatu kati yake kwa mfululizo kuanzia 2003 hadi 2005. Msimu wa 2024/25 Kenya Police FC wakawa mabingwa kwa mara yao ya kwanza, huku Gor Mahia wakibaki nyuma yao. Kisumu tulinuna wiki nzima, lakini wapo kati yetu waliofurahi kimyakimya, kwa kuwa timu yenye mshahara wa kila mwezi, bima ya matibabu na pensheni ndiyo ndoto ya kila kijana anayecheza kwenye vumbi la Nyalenda au Manyatta. Gor Mahia ilituletea Kombe la Washindi barani Afrika mwaka 1987. Hakuna aliyetuletea pensheni.

Zamani ukanda huu ulikuwa na mlango wake mwingine, viwanda vya sukari. Kijana mwenye mguu mzuri aliweza kuchezea Chemelil, Muhoroni au SoNy kule Awendo, akapata na kazi ya kiwandani, na siku goti lilipoharibika bado alikuwa na kazi. SoNy Sugar walikuwa mabingwa wa Kenya mwaka 2006. Mwaka 2019 wakafukuzwa kwenye ligi kwa kushindwa kufika uwanjani, viwanda vikadhoofika pamoja na wakulima wake, na mwaka 2025 serikali ikavikodisha Chemelil, Muhoroni, SoNy na Nzoia kwa kampuni za kibinafsi. Hatuna ugomvi na kukodishwa huko katika risala hii. Tunalitaja kwa sababu mlango huo ulipofungwa, watoto wote waliokuwa wakipitia pale walihamia kwenye mlango wa pili, ule wa vikosi, na huo hauna bawabu anayejulikana.

Tuwaeleze siku ya kuandikisha makurutu inavyokuwa, maana wengi wenu huiona kutoka jukwaani.

Vijana hufika uwanjani kabla ya jua kuchomoza. Wengine wametoka Usenge au Mbita jana yake na wamelala kwa jamaa. Wanapangwa kwenye mistari, wanavua viatu na shati. Ufito wa kupimia kimo unapita, meno yanakaguliwa, magoti yanatazamwa kama yana matege, nyayo kama ni bapa. Kisha mbio. Halafu sauti inaita, “Wenye talanta, huku!” Wanatoka wachache, kila mmoja na faili lake la plastiki: kitambulisho, cheti cha KCSE, vyeti vya michezo ya shule za upili, barua ya kocha, pengine picha ya timu iliyokatwa gazetini. Afisa anafungua ukurasa wa kwanza. Wa pili haufungui. Anauliza, “Unachezea nani?” Msichana anataja timu. “Namba gani?” Anasema ni mlinda lango. Jina lake linaandikwa kwa penseli kwenye daftari la mazoezi, lile la shule, na anaambiwa atapigiwa simu.

Penseli hiyo ndiyo kiini cha risala hii. Hapigiwi shuti hata moja. Hapewi namba. Haambiwi walinda lango wanaotakiwa ni wangapi, au kama wanatakiwa kabisa. Majuma kadhaa baadaye anasikia kwamba nafasi ya talanta ya kaunti ndogo yake imejazwa, na aliyeijaza ni mtu ambaye hakuna kocha, refa wala mwokota mipira wa eneo hili aliyewahi kumwona akiwa na jezi. Hatutaji kikosi kilichohusika katika visa tulivyo navyo wala jina la mtu yeyote, kwa sababu lengo letu si kumshtaki afisa mmoja. Afisa mmoja akihamishwa, daftari na penseli vitabaki.

Wapo pia wanaouza nafasi hizo. Baadhi yao ni maafisa; wengi ni matapeli tu waliogundua kwamba kitu kisicho na orodha kinauzika vizuri. Mzazi anauza ng'ombe, au anauza mashua na nyavu zake, anapewa barua ya mwito yenye muhuri, mtoto anapakia sanduku, na langoni mwa chuo anakamatwa yeye kwa kuwa na barua ghushi. Jeshi hutoa onyo kuhusu barua hizi karibu kila msimu. Onyo ni jema, ila tapeli hustawi pale ambapo mzazi hana mahali pa kwenda kuangalia kama jina la mwanawe limo. Orodha ingebandikwa ukutani, barua ghushi ingekufa siku hiyohiyo.

Mtatuuliza: mbona hamwendi mahakamani? Tumelifikiria hilo kwa muda mrefu na tumepata ushauri. Jibu letu linahitaji nafasi kidogo.

Tarehe 14 Julai 2014 Polisi waliandikisha makurutu 10,000 nchi nzima kwa siku moja. Mamlaka Huru ya kuangalia mwenendo wa polisi, IPOA, ilituma watu wake viwanjani, ikaona hongo na ukiukaji wa taratibu, ikaenda Mahakama Kuu. Tarehe 31 Oktoba mwaka huohuo Jaji Isaac Lenaola alifutilia mbali zoezi lote. Ulikuwa ushindi mkubwa wa sheria, na sisi tunauheshimu. Lakini angalieni uliwaangukia akina nani. Kati ya wale 10,000 walikuwamo waliotoa hongo na wasiotoa, na wote waliambiwa wakae nyumbani. Methali husema samaki mmoja akioza wote wameoza. Mama anayeuza samaki Dunga hafanyi biashara kwa methali hiyo. Anamtoa aliyeoza, anauza waliobaki. Mahakama haikufanya hivyo, na tunaamini ingekuwa rahisi zaidi kama kila kituo kingekuwa na kumbukumbu za kuonyesha nani alipita kwa haki na nani kwa bahasha.

Yaliyofuata mnayakumbuka. Baada ya shambulio la Chuo Kikuu cha Garissa la tarehe 2 Aprili 2015, lililoua watu 148, Rais Uhuru Kenyatta aliagiza makurutu hao waripoti chuoni licha ya kesi. Agizo hilo halikusimama. Zoezi likarudiwa upya mwezi huohuo, na Mahakama ya Rufani nayo ikaunga mkono uamuzi wa Jaji Lenaola. Kijana aliyekuwa safi mwaka 2014 alipoteza miezi tisa, akarudi kwenye mstari kupimwa meno mara ya pili. Aliyekuwa ukingoni mwa umri hakuwa na mstari wa kurudia.

Kesi ya pili ni ya karibuni. Mwaka 2025 zoezi la kuandikisha makonstebo 10,000 lilisimamishwa mahakamani, na tarehe 30 Oktoba Jaji Hellen Wasilwa wa Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi akaamua kwamba kuandikisha polisi ni kazi ya Inspekta Mkuu, si ya Tume ya Huduma ya Polisi. Zoezi likafanyika Novemba chini ya Inspekta Mkuu. Sisi si wanasheria na hatuingii katika ubishi wa nani ana mamlaka juu ya nani. Tunauliza tu: ikiwa suala la nani anaandikisha lilihitaji jaji, msichana mwenye faili la plastiki angejuaje amshtaki nani?

Kuna pia njia nyingine ambayo kila mtu hutuelekeza, Jopo la Mizozo ya Michezo lililoundwa na Sheria ya Michezo ya 2013. Tulipokisoma kifungu cha 58 tulikata tamaa. Jopo husikiliza rufaa dhidi ya maamuzi ya mashirikisho ya michezo, zikiwamo za kuteuliwa au kuachwa kwenye timu, na rufaa dhidi ya Msajili wa Michezo. Mzozo mwingine wowote wa michezo linaweza kuusikiliza iwapo pande zote zitakubali kuupeleka huko. Pande zote! Yaani mwajiri aliyekuacha sharti akubali kwanza kushtakiwa. Kwa hiyo Jopo litasema hili ni suala la ajira, na kikosi kitasema hili ni suala la timu, na mchezaji atabaki katikati ya uwanja mtupu.

Haki ziko kwenye Katiba, hatukatai. Ibara ya 232 inasema ushindani wa haki na ustahili ndio msingi wa kuajiri katika utumishi wa umma. Ibara ya 47 inampa kila mtu haki ya uamuzi wa kiutawala ulio wa haraka na wa haki, na sababu za maandishi anapoumizwa na uamuzi huo. Ibara ya 22 inamruhusu yeyote kudai haki zake mahakamani bila kutozwa ada ya kufungua kesi. Mahakama ya Ajira ina kituo hapa Kisumu, hatuhitaji kupanda basi la Nairobi. Lakini wakili hana Ibara ya 22. Na mlinda lango mwenye miaka 27, wakati kikomo cha kuingia polisi ni 28, anaweza kushinda kesi yake akiwa amezeeka kwa mujibu wa tangazo lilelile alilolishinda.

Tulijaribu njia ya kuuliza. Sheria ya Kupata Habari ya 2016 inaitaka ofisi ya umma ijibu ombi ndani ya siku 21. Wenzetu walioandika kuomba orodha ya alama waliambiwa kwa mdomo kwamba mambo ya kikosi ni ya usalama wa taifa. Waheshimiwa, tunaelewa kwamba idadi ya bunduki ni siri. Alama za mlinda lango zina siri gani? Timu hiyohiyo itacheza Jumamosi mbele ya umma, na jezi yake ina namba mgongoni.

Kabla ya kufika kwenye madai, tuondoe shaka mbili ambazo tumezisikia hata kwa jamaa zetu.

Ya kwanza ni kwamba hili ni lalamiko la kabila. Si kweli. Katika timu zetu wamo Wajaluo, Waluhya, Waabasuba, Wakisii, Wanubi wa Kibos na watoto wa Kihindi wa mjini. Katiba, Ibara ya 246, inataka Huduma ya Polisi ionyeshe sura ya maeneo na jamii zote za nchi, na tunaikubali kwa jumla ya kikosi. Ila nafasi ya talanta isigeuzwe kuwa pa kusawazishia hesabu hizo kwa siri. Kama bondia wa Turkana amempiga bondia wa Kisumu kwa pointi, achukuliwe wa Turkana, na sisi tutampigia makofi. Tunataka tu kuziona pointi.

Ya pili inatoka kwa vijana wenzetu wasiocheza. Wanasema: sisi tumesoma, tunakimbia vizuri, kwa nini mtu aingie kwa sababu ya mpira? Swali lao ni la haki na halijajibiwa na mtu. India, ambako nafasi za wanamichezo katika ajira za serikali zimewekwa kwa waraka wa wazi, kesi zake hazikauki mahakamani, kwa hiyo tusidanganyane kwamba kuandika kunamaliza ugomvi. Lakini kule waraka unataja daraja kwa daraja: aliyewakilisha nchi hutangulia, kisha aliyewakilisha jimbo kwenye mashindano ya taifa, kisha wa vyuo vikuu, na kuendelea. Anayeshtaki anakwenda na karatasi mkononi, na jaji anajua aangalie nini. Hapa kwetu aliyesoma na aliyecheza wote wanashindwa na mtu wa tatu, ambaye hakusoma kuwazidi wala hakucheza.

Madai yetu ni haya.

Tunataka Sheria ya Michezo ya 2013 ifanyiwe marekebisho, iwekwe sehemu mpya kuhusu ajira ya umma kwa msingi wa mchezo, itakayohusu vikosi na mashirika yote ya serikali yenye timu. Kikosi kinachohitaji wachezaji kitangaze, pamoja na tangazo la kuandikisha, kinataka wangapi, wa mchezo gani, wanaume wangapi na wanawake wangapi, na kama kinataka mlinda lango kiseme mlinda lango. Kisichotaka mchezaji mwaka huo kinyamaze, wala kisiite watu pembeni na kuandika majina yao.

Majaribio yafanywe uwanjani, kwa mpira, ndani ya ulingo, na ya ukanda huu yafanyiwe hapa. Uwanja wa Mamboleo upo na umetumia pesa za umma. Kocha wa timu ya kikosi awepo, maana yeye ndiye anayejua anachokosa, lakini asiwe peke yake: akae na refa au kocha wa nje ya kikosi hicho na mtu wa kaunti, kwa kuwa Katiba imezipa kaunti shughuli za michezo na viwanja vyake. Kila mmoja aandike alama zake kwa kalamu ya wino na kutia saini. Zijumlishwe pale pale na kusomwa kwa sauti kabla watu hawajatawanyika. Tumeona uchaguzi wa nchi ukihesabiwa kituoni na fomu kubandikwa mlangoni. Kuhesabu alama za wachezaji ishirini hakuwezi kukishinda kikosi.

Daraja za ushindani ziandikwe, na ligi ya wanawake ipimwe sawa na ya wanaume ya daraja hiyohiyo. Hatuombi alama ya KCSE ishushwe kwa ajili yetu. Wachezaji wenye ulemavu wapewe majaribio yao katika mashirika na kazi zinazowafaa, kwa sababu Ibara ya 54 imewaahidi, hatua kwa hatua, angalau asilimia 5 ya nafasi katika vyombo vya kuchaguliwa na vya kuteuliwa, na hatujaona timu yoyote ya serikali ikiitaja ahadi hiyo.

Dogo moja tuliseme tukiwa hapa, hata kama litaonekana la pembeni. Kikosi cha Walinzi wa Pwani kinafanya kazi hadi kwenye ziwa letu. Vijana wa Dunga, Usenge, Mbita na Port Victoria wanaogelea na kupiga makasia tangu utotoni, na mashindano ya mashua ni mchezo wetu wa asili kuliko raga. Tunachokiona uwanjani ni mbio tu. Kuogelea na kupiga makasia vihesabiwe kuwa talanta kwa kikosi hicho. Mtu anayejua upepo wa jioni wa ziwa hili ni rasilimali ya serikali, si mvuvi aliyekosa kazi.

Sasa rufaa, ambayo ndiyo dai tunalolishikilia kuliko yote. Baada ya orodha kubandikwa kwenye ofisi ya kaunti ndogo na kwenye kituo cha Huduma, zipite siku 14 kabla ya barua za mwito kutolewa. Mwenye lalamiko alipeleke kwa Jopo la Mizozo ya Michezo, likiwa na kikao Kisumu, na kifungu cha 58 kirekebishwe ili Jopo lisihitaji ridhaa ya mwajiri. Nafasi inayobishaniwa ndiyo itakayoshikiliwa. Zilizobaki ziendelee na makurutu waende chuoni. Hivyo hakuna jaji atakayelazimika kuwarudisha nyumbani maelfu kwa kosa la wachache. Na aliyefungua rufaa kwa wakati, umri wake uhesabiwe kuanzia siku ya majaribio, si siku ya uamuzi.

Atakayegundulika amenunua nafasi aiache, na afisa aliyeiuza ashtakiwe pamoja na mzazi aliyelipa. Hili la mzazi lilitugawa wakati wa kuandika. Baadhi yetu walisema mzazi ni mhanga. Waliobaki, ambao ndio wengi, walisema ng'ombe aliyeuzwa kununua nafasi ya mtoto mmoja alimnyang'anya nafasi mtoto wa jirani, na wote wawili wanakaa kijiji kimoja.

Hadi sheria hiyo itakapopita, kuna mambo yasiyohitaji sheria mpya. Tunawaomba mwaandikie wakuu wa vikosi, kwa barua yenye tarehe, mkiwataka watoe idadi ya wachezaji walioajiriwa kwa talanta kutoka kaunti zenu 5 katika miaka mitano iliyopita, kila mchezo na kila mwaka, na vigezo vilivyotumika. Ninyi hawatawaambia ni siri ya taifa. Wakikataa, lalamiko lipelekwe kwa Tume ya Haki ya Utawala, ambayo sheria imeipa kazi ya kusimamia haki ya kupata habari na ambayo ina ofisi hapa mjini.

Nakala za vyeti, barua na maelezo ya visa tulivyovitaja tutaziwasilisha kwa kamati ya Bunge faraghani, majina yakiwa yamefungwa, kwa kuwa wengi wa waliotuambia bado wanatarajia kujaribu tena na wanaogopa kukumbukwa sura.

Tunaomba jibu la maandishi, lenye saini, kabla ya tangazo lijalo la kuandikisha makurutu.

Tunawasilisha.